Buti za Dokta Lionel

Jumamosi, 1 Machi

Tairi tena. Mizunguko mitatu ya uwanja wa Woolwich Common, London. Kamba kiunoni, tairi la gari nyuma, mimi mbele kama punda wa maji. Dokta Lionel, bosi wangu wa zamani, anasema mazoezi ya kuvuta mzigo ni lazima. Eti na yeye anavuta la kwake kule Blackheath. Sijaona.

Goti la kushoto linalalamika. Mbwa wawili wamenifuata. Mwenye mbwa kaniuliza nachangisha fedha za ugonjwa gani, maana huku vituko hivi hufanywa kwa michango. Nikamwambia hakuna ugonjwa. Akanionea huruma zaidi.

Mzunguko wa mwisho nikamwona Mama Upendo kituo cha basi, na mifuko yake ya sokoni. Nikampungia mkono. Hakunipungia. Alikuwa anapiga simu.

Jumapili, 2 Machi

Baada ya ibada Mchungaji kaniita pembeni. Wamama sita walikuwa tayari wamekaa kwa duara. "Mama Neema, kama kuna shida nyumbani, hapa ni kwenu." Kumbe Mama Upendo kawaambia aliniona nikiburuta tairi huku nalia. Sikuwa nalia. Ni upepo.

Nikaeleza. Mwezi wa nne naenda kaskazini ya mbali, nchi ya theluji, kwa Wasaami. Ni wafugaji, wanahama na mifugo yao kutoka bara kwenda pwani. Tutafuatana nao siku kumi na mbili. Mimi ni nesi wa msafara.

Kisha Mama Upendo: "Likizo ya kwenda nyumbani umekosa?"

Wakaniombea. Muda mrefu. Mmoja alimwomba Mungu aniondolee roho ya kutangatanga. Neema, binti yangu, miaka kumi na tisa, alikuwa nyuma amejificha uso kwenye koti. Njiani nikamuuliza kwa Kiswahili kama anacheka au analia. Akanijibu kwa Kizungu kwamba ni vyote.

Sikuwaambia sababu. Naiandika hapa. Baba alikuwa mfugaji, Mpwapwa. Hakupata mtoto wa kiume mpaka nilipofika miaka kumi na miwili, kwa hiyo mchungaji wa ng'ombe nilikuwa mimi. Ukame ukala nusu. Nusu nyingine ikaniingiza chuo cha unesi. Mimi ndiye kundi la mwisho la baba. Nataka kuona watu ambao bado wanaamka na kuhama.

Ndiyo maana Dokta Lionel aliponipigia simu Januari, akasema bima inataka nesi, nilimwambia nitafikiri. Nilikuwa nimeshakubali kabla hajamaliza sentensi.

Alhamisi, 13 Machi

Hayes. Mdogo wangu Yona anafanya kazi kwenye ghala la vyakula vya kugandishwa. Nilimwomba anifungie mle ndani dakika ishirini nijaribu nguo. Alikataa wiki mbili. Leo kakubali.

Nyuzi ishirini chini ya sifuri. Nguo sita, kofia mbili, suruali ya mtumba niliyoipata soko la Woolwich, inabana kiasi kwamba siwezi kukaa. Nikasimama kati ya njegere na samaki. Dakika tano, pua ikaganda ndani. Dakika kumi, nikamkumbuka mama.

Akaingia msimamizi. Yona akapoteza akili, akamwambia mimi ni mkaguzi. Sasa nifanye nini? Nikazunguka polepole. Nikagusa boksi. Nikatikisa kichwa. Msimamizi kaniuliza naonaje. Nikasema panaridhisha, ila njegere zimepangwa karibu mno na mlango. Wakati natoka walikuwa wanazihamisha.

Yona kwenye gari: "Dada, usinirudie tena kazini kwangu." Ana haki.

Jumatano, 26 Machi

Kikao cha mwisho nyumbani kwa Dokta Lionel. Nyumba kubwa, baridi kuliko ghala la Hayes. Hawashi hita. Anasema tunazoea.

Tuko watatu. Dokta Lionel, miaka sabini na moja, mpasuaji mstaafu, mgane. Bwana Clive jirani yake, daktari wa meno mstaafu, mpiga picha. Na mimi. Kwa miaka kumi na tisa nimempa Dokta Lionel visu na mikasi kwenye chumba cha upasuaji. Nilichostaajabia ni kwamba bado ananiita kwa sauti ileile. "Sista! Ramani." Mkono kaunyosha bila kutazama. Mkono wangu nao ukampa ramani bila kuniuliza.

Nikapitia fomu za afya. Clive: goti, shinikizo la damu, mzio wa karanga, usingizi mbaya, ukurasa mzima. Dokta Lionel: hapana, hapana, hapana, hapana. Nikamuuliza: hata moja? Akasema yeye ni mzima kama farasi. Amekonda tangu Krismasi. Nikadhani ni mazoezi.

Nimefunga begi. Nimeweka nusu kilo ya mlenda wa kukausha. Siendi nchi ya watu bila kitu.

Jumanne, 1 Aprili

Ndege tatu. Kila ndege ndogo kuliko iliyotangulia. Uwanja wa mwisho forodha walifungua mlenda. Unga wa kijani kwenye mfuko wa nailoni. Ofisa akanusa. Akamwita mwenzake akanusa. Nikawaambia ni mboga. Wakataka niipike kwa maneno, hatua kwa hatua. Nilipofika kwenye kuvutika kama kamasi wakaniachia haraka.

Dokta Lionel akasema namchelewesha. Nikamwambia mboga haina haraka.

Nje ni nyeupe. Sina namna nyingine ya kuiandika. Nyeupe chini, nyeupe juu, na katikati sisi watatu tumevaa rangi ya machungwa kama mabomba ya zimamoto.

Jumatano, 2 Aprili

Wenyeji wetu ni wawili. Maret, mama wa miaka sitini hivi, mfupi, ana macho ya mtu aliyekwisha kukukadiria. Na mdogo wake Aslak, ambaye haongei. Kiingereza cha Maret ni kama changu nilipofika London: kidogo, lakini hakipotezi neno.

Bwana Clive alitegemea gari la kuvutwa na wanyama. Kuna pikipiki za theluji nne. Kuna kidrone cha kutafutia mifugo. Simu zinashika kuliko chumbani kwangu Woolwich. Dokta Lionel kavunjika moyo. Miaka tisa alijifunza kutafuta njia kwa ramani na dira. Maret akaitazama ile dira, akasema ni nzuri, babu yake alikuwa nayo.

Tairi sikulihitaji. Hakuna anayevuta kitu. Pikipiki inavuta tela la kuteleza, na juu ya tela nimekaa mimi kama gunia. Mwezi mzima nimeburuta tairi mbele ya kanisa zima.

Mifugo sasa. Kiswahili changu hakina jina lao. Nitawaita kulungu wa theluji, ingawa si kulungu. Wana manyoya kwenye pua. Majike yana mimba karibu yote. Wakitembea, miguu inatoa mlio mdogo, tik tik tik, mamia kwa pamoja. Nilishuka kwenye tela nikasimama. Sikutaka mtu aone uso wangu. Ni upepo, ningesema.

Alhamisi, 3 Aprili

Tumeanza safari alfajiri, theluji ikiwa bado ngumu. Baridi ya kuuma meno. Clive anaogopa kufungua mdomo, na yeye ndiye daktari wa meno.

Kwenye kahawa Clive akamuuliza Maret ana kulungu wangapi. Hivi hivi. Mdomo wazi. Aslak akatazama kiatu chake. Maret akanywa kahawa yote kwanza, kisha akasema: "Wapo upande huu wa kilima. Na upande ule."

Nikacheka peke yangu. Baba akiulizwa ana ng'ombe wangapi alikuwa anajibu: wa kunisumbua wanatosha. Hata ofisa mifugo hakuwahi kupata namba. Nikamweleza Maret. Akanitazama upya. Akaniuliza alama tulizokata masikioni mwa ng'ombe wetu zilikuwaje. Nikamchorea ya baba kwenye theluji: kipande cha chini, sikio la kushoto. Akachora ya kwake pembeni. Aslak akaja akachora ya mama yao. Dokta Lionel alikuwa anapiga kelele tunapoteza muda.

Leo Maret kaniruhusu nitembee nyuma ya kundi na fimbo. Kilomita mbili. Goti kimya. Jike mmoja alitaka kutoroka kushoto, nikamzuia kabla sijajua nimefanya. Mkono unakumbuka. Aslak akasema neno lake la kwanza kwangu. Nikamuuliza Maret maana yake. "Amesema: sawa."

Nina furaha. Naiandika kwa sababu sijaiandika siku nyingi.

Ijumaa, 4 Aprili

Mlenda. Niliupika juu ya moto katikati ya hema lao la nguzo, wanaliita lavvu, tukala na mchuzi wa nyama ya kulungu. Aslak akachovya, akavuta, ukavutika mpaka usawa wa macho. Akakaa nao hivyo muda. Maret akacheka mpaka akashika mbavu. Wamekula wote. Clive alisema ana mzio. Mlenda hauna karanga.

Halafu mambo yakabadilika. Dokta Lionel akaanza kutoka damu puani. Hewa hii ni kavu, kila mtu pua inampasuka. Ya Clive ilikoma kwa dakika tano. Ya Dokta haikukoma. Nikambana pua, nikamwinamisha, nikahesabu. Dakika arobaini. Theluji mbele ya hema ikawa kama buchani.

Akasema ni kawaida. Nimekaa na damu za watu miaka ishirini na sita. Najua damu inayoganda na damu iliyokatazwa kuganda.

Jumamosi, 5 Aprili

Nimefungua kichupa chake cha vitamini alipokuwa nje akibishana na dira. Si vitamini. Ni dawa za kuzuia damu isigande, aina mbili kwa pamoja. Kuna sababu moja tu mtu hupewa hizo mbili.

Nikamsubiri aingie. Nikaweka kichupa juu ya boksi. Nikamuuliza kwa Kiingereza, polepole, lini walimzibua mshipa wa moyo.

"Desemba," akasema.

"Na fomu yangu?"

"Ungenikatalia."

"Ningekukatalia."

Akawaka. Sauti ile ya chumba cha upasuaji. Kwamba yeye ndiye daktari. Kwamba mimi nimeajiriwa kufunga bandeji. Kwamba Sista ajue nafasi yake. Clive akatoka kwenda kupiga picha theluji. Mimi nikabaki nimesimama. Miaka kumi na tisa nimemsikia akiwaka hivi, na kila mara nilimpa mkasi. Leo sikuwa na mkasi.

Nikaenda kwa Maret. Hakupepesa maneno. Kesho kutwa tunavuka mto, kisha uwanda wa juu, siku tano bila barabara. Hali ya hewa inaharibika. Upepo ukija helikopta hairuki. "Akianguka kule," akasema, "tutamfunika."

Nikamuuliza kama kundi linaweza kusubiri siku mbili. Nilijua jibu kabla ya kuuliza. Matumbo yale hayasubiri mtu. Mimba haisomi fomu.

Kwa hiyo ni rahisi. Akirudi, lazima nirudi naye. Clive hawezi hata kufunga zipu ya hema. Mimi nikirudi, sitavuka mto. Sitaona pwani. Sitatembea tena nyuma ya kundi, si hapa wala kokote.

Namchukia. Nimekaa kwenye tela nikamchukia saa nzima. Kisha nikaenda kumpima presha.

Jumapili, 6 Aprili

Kakataa kurudi. Kasema atavuka na sisi au bila sisi. Kasema ni mtu mzima. Kweli. Sheria hainiruhusu kumfunga kamba, ingawa nimefikiria.

Jioni nikakusanya buti za wote nizikaushe, kama kila siku. Za Clive nikarudisha. Zangu nikarudisha. Za Dokta Lionel nikaziingiza ndani ya mfuko wangu wa kulalia, chini kabisa, miguuni, nikaingia juu yake nikafunga zipu mpaka kidevuni.

Akaziulizia. Nikamwambia zinakauka. Wapi? Hapa. Akatazama mfuko. Akanitazama mimi. Mjane wa kanisani, miaka hamsini na nne, kilo themanini na mbili, nimelala kama nguruwe juu ya buti zake. Akasema ni upuuzi. Nikasema ndiyo. Akasema atanishitaki kwenye baraza la manesi. Nikamwambia jina langu linaandikwa kwa E, Eda, watu hukosea.

Akamwomba Aslak buti za akiba. Aslak anaelewa Kiingereza kuliko anavyokubali. Akatazama dari ya hema, kwenye tundu la moshi, kwa muda mrefu sana.

Ndani ya mfuko kuna harufu. Sitaiandika.

Jumatatu, 7 Aprili

Maret na kundi wameondoka saa kumi alfajiri. Clive kaenda nao, ameshika kamera kama kikombe cha chai. Kabla ya kuondoka Maret kaja mpaka kwangu. Nilitegemea maneno. Akanivuta kofia ikafunika masikio vizuri, kama unavyomfanyia mtoto, akapanda pikipiki akaenda. Nilisikiliza tik tik ya miguu mpaka upepo ukaimeza.

Aslak akatupeleka sisi upande wa barabara. Saa nne za safari. Dokta kwenye tela kafungwa mablanketi, mimi pembeni yake. Hakuniongelesha. Nilikuwa nimemrudishia buti.

Saa ya tatu akanyanyua mkono wake bila kutazama, kama anaomba kifaa. Kiganja juu. Nikautazama. Kucha za bluu. Jasho usoni kwenye baridi ile. Nikampa mkono wangu, akaubana, akasema kwa sauti ndogo: "Kifua, Sista."

Nikampulizia dawa chini ya ulimi. Nikampigia yowe Aslak. Sikujua nina yowe kubwa hivyo. Nilipiga kwa Kigogo. Aslak akaelewa, pikipiki ikaruka.

Sikuwa na chombo cha kufanya lolote jingine. Nikamwambia asithubutu. Nikamwambia sijaburuta tairi mwezi mzima ili nimzike kwenye friji. Akasema hakumbuki kuniomba niburute tairi. Nikamwambia ulinipigia simu mwenyewe. Akasema alikuwa anatania. Tukabishana hivyo mpaka barabarani, na kila alipojibu nilijua bado yupo. Gari la wagonjwa lilikuwa linasubiri. Maret alikuwa ameshawapigia tangu alfajiri kwa simu yake inayoshika.

Jumatano, 9 Aprili

Hospitali ya mjini. Wamemzibua mshipa mwingine. Daktari ni binti mdogo, nywele kaziweka rangi ya waridi. Kaniambia kule juu angekufa siku ya pili. Kaisema kama anataja saa ya basi.

Dokta Lionel anamwelekeza namna ya kufanya kazi yake. Kwa hiyo anapona.

Nimetoka nje nikalia. Safari hii si upepo. Sijui nililia kwa ajili yake au kwa ajili ya mto. Nadhani mto.

Jumamosi, 12 Aprili

London. Mvua. Treni mpaka Woolwich nimesimama, begi mgongoni, harufu ya moshi wa hema. Watu wamenipa nafasi.

Mama Upendo alikuwa mlangoni na sufuria la pilau kabla sijavua koti. Kauliza kama nimewaona hao watu wa theluji. Nikasema nimewaona. Wanafananaje? Nikafikiri. Nikamwambia wanafanana na sisi, ila hawaulizi sana. Kakaa saa mbili.

Neema kaniuliza kama nimefika mwisho. Kwa Kizungu. Nikamwambia hapana, niligeuza njiani. Kanitazama, akaenda kuniwekea maji ya kuoga.

Jumatatu, 28 Aprili

Kazini. Mpasuaji mpya, kijana, anasema tafadhali kwa kila kitu. Tafadhali mkasi, tafadhali uzi. Operesheni inachukua muda mara mbili.

Clive karudi. Kavuka mto, kafika pwani, kaliona bahari. Hana hata mafua. Kanitumia picha mia nne. Nimezihesabu zenye kulungu: tatu. Zilizobaki ni Clive.

Nimekasirika siku nzima. Nimempigia Yona kumwambia. Kacheka vibaya.

Jumamosi, 17 Mei

Nimekwenda Blackheath kumtazama Dokta Lionel. Kakonda. Hita imewashwa. Kapika chai mwenyewe, chai mbaya sana, maji hayakuchemka. Nimekunywa.

Hakuomba msamaha. Sikutegemea. Kaniambia kwamba ule usiku nilipolalia buti zake alikuwa ameamua kuondoka na soksi. Nikasema najua, ndiyo maana nilibaki macho. Akatikisa kichwa polepole, kisha akazungumzia bustani.

Simu yangu ikalia. Maret. Hakuandika neno, katuma video tu. Nikaiweka mezani kati yetu. Nyasi za kahawia, theluji kidogo kwenye mabonde, nyuma bahari. Jike kasimama. Chini yake ndama mweusi, bado na maji, anajaribu kuinuka. Anaanguka. Anajaribu. Magoti yanakwenda huku na huku. Anaanguka tena. Mama yake hamsaidii, anamnusa tu. Mara ya nne kasimama, miguu yote minne mbalimbali kama stuli.

Tumeitazama mara tatu. Dokta Lionel katoa leso, kapangusa miwani, hakuirudisha usoni. Nje wenye nyumba ya jirani walikuwa wanakata nyasi.

Saa kumi na moja nikavaa koti. Kasimama kunisindikiza mpaka getini, hatua fupi, nami nikapunguza mwendo. Basi lilichelewa kidogo. Neema kapika wali na maharage. Chumvi imezidi. Nimekula wote.